Mguu wa Kushoto wa Kaisari

Kaisari Augusto alikataa kufa kwa miaka kumi na tano, na mtu aliyeteseka zaidi kwa kungoja alikuwa Filero, mchekeshaji wa majukwaani, mtumwa aliyeachwa huru, mkaazi wa mtaa wa Eskwilino. Si kwamba alimtakia mabaya. Kila majira ya baridi Kaisari alipougua, na aliugua kila majira ya baridi, Filero alikwenda hekaluni na watu wengine kumwombea apone, akaomba kwa moyo mweupe. Kisha alirudi chumbani, akafunga mlango, akaendelea kujifunza namna ya kuwa Kaisari siku Kaisari atakapokuwa maiti.

Maana Roma mtu mkubwa hapelekwi kuchomwa hivihivi akiwa amelala tu. Siku ya mazishi yake, mbele ya jeneza, hutangulia waigizaji waliovaa nyuso za nta za baba na babu zake, watu waliokufa zamani, kila mmoja na joho la cheo chake. Na mwigizaji mmoja huvaa uso wa marehemu mwenyewe. Huyo ndiye anayengojewa na watu. Hutembea kama alivyotembea marehemu, hukohoa kama alivyokohoa, huwatania jamaa zake kwa maneno yaleyale aliyozoea kuwatania, hata wafiwa huangua kicheko na machozi yakiwa bado mashavuni. Akifanya vizuri, watu hurudi nyumbani wakisema wamemwona tena.

Aliyemchagua Filero ni bwana Numisio, msimamizi wa mazishi ya nyumba kubwakubwa, mtu mnene mwenye sauti ya upole aliyoitumia kazini tu. Alimwona Filero jukwaani akiigiza mume mjinga ambaye mkewe amemficha hawara sandukuni, akamwita pembeni.

"Kaisari ana miaka sitini na moja," alimwambia. "Tumbo bovu, ini bovu, kila mwaka waganga wanasema huu hamalizi. Siku ikifika kazi italetwa kwangu. Sasa mimi sitaki siku hiyo ndiyo nianze kuhangaika kutafuta mtu."

"Bwana wangu, hata kulitamka hilo..."

"Ndiyo maana hulitamki. Humwambii mama yako, humwambii mkeo, husemi hata usingizini. Anayengoja kifo cha Kaisari ni haini, hata kama anangoja kwa adabu. Na jukwaani huendi tena. Watu wakikuona kwenye vichekesho unachechemea kama yeye, utachapwa viboko mji mzima, na mimi nyuma yako nachapwa vilevile."

Filero alikula kiapo siku hiyohiyo. Alikuwa na miaka thelathini na minne. Waigizaji Roma hawahesabiwi kuwa watu. Sheria inawaweka fungu moja na makahaba, na ukifa hakuna wa kukuvalia uso. Halafu mtu kama huyo anaambiwa atatembea siku moja, mbele ya dunia nzima, akiwa Kaisari. Angekataaje?

Kazi yenyewe haikuwa mchezo. Numisio alimpa chumba nyuma ya ghala lake la machela na mienge, chenye dirisha moja lililoangalia ukuta. Asubuhi Filero alishuka kusimama kwenye umati, popote Kaisari aliposemekana kupita. Mchana alijifungia kuyarudia aliyoyaona. Kwa mbali alimwona mzee mfupi aliyevaa viatu vya soli nene ili aonekane mrefu, mwenye nyusi zilizokutana, ambaye nyonga yake ya kushoto ilimsumbua kiasi kwamba siku nyingine aliburuta mguu kabisa. Mengine yaliletwa na mtumwa mmoja wa jikoni mwa Kaisari, kule kilimani Palatino, ambaye Numisio alimfahamu. Kwamba wakati wa baridi huvaa kanzu nne, moja juu ya nyingine. Kwamba kidole cha shahada cha mkono wa kulia hufa ganzi. Kwamba anaogopa radi kama mtoto. Kwamba hata akitaka kuzungumza na mkewe jambo la maana, huliandika kwanza kwenye karatasi, kisha humsomea.

Hili la mwisho lilimchekesha Filero, kisha likamhuzunisha. Akaanza kumwonea huruma yule mzee. Mtu unayemwangalia kila siku kwa makini kiasi hicho, unajikuta umemzoea. Ilifika mahali Filero aliweza kujua, kwa jinsi bega la kushoto lilivyoinama tu, kwamba bwana mkubwa hakulala vizuri. Hakuna mtu mwingine katika umati ule aliyelijua hilo, wala aliyelijali.

Tatizo lilikuwa uso. Mtengeneza nyuso za nta alinakili sanamu za mjini, na katika sanamu zote Kaisari hazeeki. Ana miaka thelathini daima, nywele nzuri, shingo laini.

"Uso huu haujawahi kuumwa nyonga," Filero alilalamika.

"Wewe shughulika na nyonga," alijibu Numisio. "Uso waachie wenye kazi yao."

Sasa huyu Filero alikuwa na mke. Aliitwa Vibia, muuza dengu za moto kwenye ngazi za ukumbi wa michezo, mwanamke mwenye mikono mikavu ya chumvi na mdomo usiokubali kushindwa. Walipendana tangu wote wawili wakiwa watumwa wa nyumba moja. Vibia alimwona mumewe ameacha jukwaa ghafla bila sababu ya kueleweka. Akamwona anatoka asubuhi na kurudi jioni, amechoka, hana la kusema. Akavumilia mwaka, akavumilia wa pili. Mwaka wa tatu akamfuata hadi kwenye ghala la Numisio, akauona mlango, akausikia ufunguo ukizunguka kwa ndani.

Aliporudi nyumbani jioni ile, Filero alimkuta mkewe ameketi juu ya kifurushi cha nguo.

"Una chumba," alisema Vibia.

"Ni cha kazi."

"Kazi gani? Wewe ni mchekeshaji. Unamchekesha nani mle ndani umejifungia?"

"Vibia, siwezi kukuambia."

"Unanunua tini mbichi. Nimeulizia sokoni. Tini mbichi na jibini laini, kila baada ya siku mbili. Wewe tini zinakutapisha tangu utoto! Nani anazila?"

Alizila yeye, kwa sababu Kaisari alizipenda, na mtu hawezi kumwigiza mlaji wa tini ikiwa tini zinamtapisha. Lakini hilo angelisema vipi? Alifungua mdomo, akakumbuka kiapo, akakumbuka viboko. Akasema jambo la kijinga kuliko yote ambalo angeweza kulisema. "Hamna mwanamke, haki ya miungu."

"Mimi sijataja mwanamke," alisema Vibia.

Akachukua kifurushi chake akaenda ng'ambo ya Mto Tiberi, kwa dada yake. Filero alimfuata mara mbili. Mara ya kwanza dada alimmwagia maji ya dengu. Mara ya pili Vibia mwenyewe alitoka mlangoni akamwambia kwa utulivu, "Siku ukiwa na la kunieleza, njoo. Ukiwa huna, usije kunitazama tu na hayo macho." Na Filero hakwenda tena, maana la kueleza alikuwa nalo tele, ruhusa tu ndiyo hakuwa nayo.

Basi kuanzia hapo ile siku ya mazishi ikawa na maana nyingine. Kutembea mbele ya dunia nzima kulimtoka akilini. Alichotaka ni kutembea mbele ya mtu mmoja. Mazishi ya Kaisari hakuna mtu wa Roma atakayeyakosa, na Vibia atakuwepo na kikapu chake, kwa sababu penye umati ndipo penye wanunuzi. Atamwona Kaisari akipita anachechemea. Yeye aliyeishi na mwili wa Filero miaka kumi atautambua chini ya joho lolote. Atasema moyoni, kumbe! Kumbe chumba kilikuwa cha hili. Na jioni Filero atavuka daraja bila kusema neno, na mlango hautafungwa. Aliipanga jioni ile mara nyingi mno. Alipanga hata mahali atakapoketi.

Miaka kumi na miwili ni mingi kwa mtu anayezungumza na ukuta. Rafiki zake wa jukwaani walikufa au walimsahau. Alikula peke yake, chakula cha Kaisari: mkate wa ngano isiyokobolewa, dagaa, jibini laini. Siku Kaisari alipokuwa mgonjwa hakuonekana hadharani, na siku hizo Filero hakuwa na mtu wa kwenda kumwona. Hapo upweke ulimtoa nje, akawa anazungukazunguka mtaani akiulizia habari za mgonjwa kama ndugu aliyekatazwa kuingia. Nikuambie ukweli, alikuwa na hamu ya kumwona Kaisari kuliko jamaa wengi wa Kaisari.

Kisha, katika mwezi uleule ambao walikuwa wameuita kwa jina lake, mzee alikata roho huko kusini, mjini Nola, akiwa amebakiza mwezi mmoja na ushee kutimiza miaka sabini na sita. Habari ilipofika, Filero aliketi sakafuni akalia mpaka kamasi. Alipomaliza kulia alisimama, akanawa, akaanza kunyoosha nyonga.

Alingoja siku moja, mbili, tano. Mwili ulifika Roma. Seneti ilikaa, ikajadili heshima za marehemu, kila mzee akijitahidi kupendekeza kubwa kuliko la mwenzake. Siku ya sita Numisio aliingia chumbani bila kubisha, akaketi kwenye kitanda, na uso wake ulikuwa wa kijivu.

"Hakuna kutembea," alisema.

"Vipi hakuna?"

"Wanamfanya mungu."

Filero hakuelewa. Au alielewa, akakataa.

"Mungu hana uso wa nta, Filero. Uso wa nta ni wa wafu, na mungu hajafa, amepanda mbinguni. Mazishi yatapita na babu wote wa ukoo, lakini hata yule Kaisari wa kwanza, baba yake aliyemfanya mwana, uso wake hautapita, kwa sababu naye walishamfanya mungu zamani. Kaisari atakuwa sanamu juu ya kitanda cha pembe za ndovu na dhahabu, maiti imefichwa chini. Mtu wa kutembea hatakiwi. Waliniangalia kama nimetukana. Mzee mmoja akaniambia, 'Mungu hachechemei, Numisio.'"

"Lakini ulijua." Sauti ya Filero ilitoka nyembamba. "Baba yake kuwa mungu, hilo linajulikana tangu sijazaliwa. Nimeona mazishi mangapi ya ukoo ule? Uso wa yule haujawahi kutoka hata siku moja. Wewe mwenyewe ndiye uliyekuwa ukizipanga zile nyuso!"

"Nilizipanga kwa mikono hii," alisema Numisio. "Na sikulifikiria hata mara moja. Nilimwona anatembea, nikafikiri ni mtu. Na wewe pia ulikuwa ukimwona."

Hili lilikuwa kosa la wajuzi wawili ambalo mpishi au kinyozi asingelifanya. Walikuwa wamemsogelea mno yule mzee, nyonga yake na tumbo lake na kidole chake, hata wakasahau kitu ambacho kila mchuuzi wa Roma alikijua: kwamba wakubwa hawakukusudia afe kama watu.

"Nitakupa babu mmoja," Numisio alisema mwishowe, kwa ile sauti yake ya kazini. "Jenerali fulani wa zamani, hakuna anayemkumbuka. Utatembea nao, angalau uwemo. Simama nikuone."

Filero alisimama, akatembea kutoka kitandani hadi dirishani, akarudi. Numisio alimtazama miguu.

"Sasa tembea wewe."

"Ndiyo nimetembea."

"Tembea mwenyewe, mwanangu. Kama zamani."

Filero alijaribu tena. Alijikaza, akafikiria jukwaa, akafikiria yule mume mjinga na hatua zake za bata. Mguu wa kushoto ulikuja nyuma, unaburuta. Jasho lilimtoka. Hakuwa akiigiza, nyonga ilikuwa inauma kweli, na hakuweza kusema ilianza kuuma mwaka gani.

"Basi, keti," alisema Numisio. "Ukitembea hivyo ndani ya msafara ule watatuua sote. Ule uso nimeuyeyusha asubuhi. Na chumba hiki hakijawahi kuwa cha kitu. Umesikia? Kumwigiza mtu kulikuwa kosa la viboko. Kumwigiza mungu sijui adhabu yake, na sitaki kuijua."

Siku ya mazishi Filero alikwenda kama walivyokwenda watu wote. Uwanja wa Marsi ulijaa, watu hadi juu ya mapaa ya majengo ya kando. Waliimba, wakapuliza tarumbeta, wakapitisha babu mmoja baada ya mwingine, na yule jenerali asiyekumbukwa alitembezwa na kijana mmoja aliyenyanyua magoti kupita kiasi. Kisha kikapita kitanda cha dhahabu na juu yake Kaisari wa nta, mrembo, ana miaka thelathini. Watu walilia. Filero alimtazama yule kijana wa nta na hakumtambua hata kidogo. Moto ulipowashwa moshi uliwajia usoni, akasukumwa pembeni na askari, akajikuta kwenye ngazi za jengo fulani, anatafuta pa kushika.

"Shika hapa, baba, utaanguka," sauti ya mwanamke ilimwambia, na mkono ukamdaka kiwiko. Kisha mkono ukakakamaa. "Filero?"

Alikuwa amezeeka vizuri. Nywele zilikuwa nyeupe chini ya kitambaa, kikapu kilikuwa kilekile au ndugu yake. Alimwita "baba" kabla hajajua ni nani, na neno hilo lilimchoma Filero kuliko moshi.

"Vibia."

"Mguu umefanyaje?"

"Uzee."

"Uzee gani wa mguu mmoja?" Alimketisha kwenye ngazi, akaketi naye, kikapu katikati. Hawakutazamana. Askari walisimama hatua tatu kutoka pale, na mbele yao mungu alikuwa akiwaka. Filero alikuwa na miaka kumi na tano ya kueleza. Alilipanga neno la kwanza. Nilikuwa najifunza kutembea kama... Akalitazama lile neno. Hata kama askari wasingekuwepo, angemwonyesha nini? Uso umeyeyushwa. Chumba hakijawahi kuwa cha kitu. Nani ataamini kwamba mtu alimwacha mkewe aende kwa watu ili ajifunze matembezi ambayo hakuna aliyeyaona?

Vibia ndiye aliyesema.

"Na huyo wako? Mla tini. Hajambo?"

Hakukuwa na mwanamke, hakuwahi kuwepo. Lakini siku nyingi Filero alikuwa amebeba kilio ambacho hakuwa na haki nacho, na hapa palikuwa na mtu anayeuliza.

"Amekufa," alisema.

"Lini?"

"Siku zilezile alipokufa Kaisari."

"Maskini. Hata kuliliwa hakupata." Vibia aligeuka kumtazama. Alikuwa ameungoja wakati huu kwa hasira miaka mingi, na hasira haikuja. "Alikuwa mzuri?"

"Alikuwa mzee."

"Mzee?"

"Mzee sana. Miaka sabini na kitu. Mgonjwa. Tumbo, ini, nyonga ya kushoto."

"We Filero!" Vibia aliangua kicheko, akajiziba mdomo kwa sababu ya askari. "Yaani uliniacha mimi kwa ajili ya bibi kizee? Mimi naumia ng'ambo kule nikifikiri ni kisichana chenye marashi!" Alicheka mpaka machozi yakamtoka, kisha macho yakaushukia mguu wa mumewe, akaacha kucheka polepole. "Kumbe ndiyo maana. Ulikuwa unamshika anapotembea. Umemshika mpaka ukapinda."

Filero aliishika nyonga.

"Alikupenda?"

"Hakujua hata jina langu," alisema, na hapo akalia, kwa sauti, mdomo wazi, mbele za watu. Hakuna aliyemshangaa. Uwanja mzima ulikuwa unalia.

Vibia alimfuta kamasi kwa pindo la shuka lake kama anavyofutwa mtoto. Filero alijua kwamba sasa hataweza kumwambia ukweli hata siku moja, na kwamba huruma hii iliyokuwa mkononi mwa mkewe ilikuwa ya msiba ambao haukuwepo. Aliipokea. Hakuwa na nyingine.

"Mjinga wewe," Vibia alisema kwa upole, akisimama na kunyanyua kikapu, maana watu walikuwa wameanza kutawanyika na njaa huja baada ya kilio. "Miaka yote hiyo unafungia mlango. Mgonjwa, mzee wa watu! Ungeniambia tu. Ningekuja kukusaidia kumwosha."